Jumamosi moja, mikasa mitatu: kichomi, goti na traksuti

Mi ni fundi cherehani hapa Mwanjelwa, Mbeya, nashona vitenge na kurekebisha mitumba, na Jumamosi asubuhi huwa nakimbia na wenzangu kupandisha barabara ya Chunya kuelekea Kawetire. Sasa mwezi wa sita, ule wa baridi ya kukata masikio, yalinikuta yote kwa mpigo: nikapata kichomi wakati wa kupanda, nikaanguka kwenye kokoto wakati wa kushuka, traksuti ikachanika gotini na goti lenyewe likaenda kushonwa nyuzi sita. Toka siku hiyo kila anayepita kibandani anauliza, mara vipi kichomi kinaondokaje, mara nyuzi zinatolewa lini, mara mbona hiyo traksuti haionekani kama ilichanika. Naandika mara moja basi, nisirudie rudie.

Kichomi

Kwanza tuelewane kwenye neno, maana huku kwetu kichomi ni vitu viwili. Bibi akisema mtoto ana kichomi mara nyingi anamaanisha nimonia, na hiyo sio ya kunyoosha mkono wala kubonyeza ubavu, hiyo ni hospitali. Mtoto ana homa na kikohozi, anapumua haraka haraka, mbavu zinabonyea ndani kila akivuta pumzi, we usikae kumpaka mafuta ya kuchua usiku kucha eti ni baridi ya Mbeya, mbebe uende.

Nnachosema mimi ni kile cha mazoezi, kinachokuchoma chini ya mbavu, mara nyingi upande wa kulia, ukiwa katikati ya mbio, ukisimama dakika chache kimeisha. Chanzo chake wataalamu wenyewe bado wanabishana. Zamani walikuwa wanasema ule msuli wa kupumulia ulio chini ya mapafu unakosa damu ya kutosha, lakini kuna kitu kinaharibu hiyo hesabu: wanaopanda farasi nao wanakipata sana tu, na farasi ndo anayehema, sio wao. Kuna utafiti wa Australia wa Morton na Callister wa mwaka 2000, waliwauliza wanamichezo nani kakipata ndani ya mwaka mmoja, wakimbiaji walikuwa asilimia 69, waogeleaji 75, wapanda farasi 62, waendesha baiskeli 32 tu. Yaani kiwiliwili kikirushwa rushwa au kikijipinda pinda ndo shida inapoanzia, ndo maana wengi sasa hivi wanausema ule utando unaotanda ukuta wa tumbo kwa ndani, kwamba unasuguliwa na kukereketa, na tumbo likiwa limejaa ndo kabisaaa.

Hapo ndo kosa langu lilipo. Siku ile nilikunywa vikombe viwili vya chai ya maziwa yenye sukari ya kutosha na chapati mbili, nusu saa baadae niko barabarani napanda mlima. Ukitaka kula chakula cha maana kula masaa mawili au matatu kabla, na kama mnaondoka saa 12 asubuhi basi ndizi mbivu moja ya Tukuyu inatosha, chai utaikuta ukirudi. Maji kunywa lakini mafunda mawili matatu kila baada ya muda, sio unasimama unamaliza chupa nzima unaendelea. Juisi nzito na soda ndo adui kabisa, vitu vya sukari nyingi vinaleta kichomi kuliko maji matupu.

Kikishakukamata usipigane nacho. Punguza mwendo, tembea kama kinauma sana. Bonyeza vidole pale pale panapouma, inama mbele kidogo, halafu toa pumzi taratibu mdomo ukiwa umeubana kama unapuliza jiko la mkaa lisilotaka kuwaka. Fanya hivyo mara kumi hivi. Kama bado, nyanyua mkono wa upande unaouma juu ya kichwa ujivute kwenda upande wa pili. Wengine bega linauma pia, pale juu kwenye ncha, usishtuke huwa vinaenda pamoja. Shuleni tulikuwa tunaambiana okota kijiwe ukibane mkononi kichomi kitaisha, na kweli kilikuwa kinaisha, mi nadhani ni kwa sababu ili uokote kijiwe lazima usimame na uiname 😂

Wageni wanaotoka Dar wakija kukimbia na sisi wanachanganya kichomi na kukosa pumzi. Mbeya mjini tu hapa uko kama mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, ukipanda huko Kawetire unazidi 2,000, lazima uheme hata kama kwenu Coco Beach wewe ni mkali. Dakika kumi za kwanza nenda kama unaenda sokoni. Watu wa Iringa wanaozoea kile kipandio cha Ipogolo kuja mjini wananielewa.

Ila maumivu ambayo hayaondoki ukishapumzika, au kifua kinabana na inatambaa kwenda mkono wa kushoto au taya, au tumbo linauma chini kulia na linazidi kila saa, hicho sio kichomi cha mazoezi. Nenda ukaonwe.

Goti

Sasa kichomi kikaisha nikawa na furaha, nikashuka kwa kasi ya kijinga, kokoto zikaniteleza. Nilivyonyanyuka traksuti iko wazi na goti limefunguka kama mdomo.

Damu ikitoka kazi ni moja tu, chukua kitambaa kisafi, gandamiza kwa nguvu dakika kumi mpaka kumi na tano na usichungulie. Hapo kwenye kuchungulia ndo watu wengi wanaharibu, kila ukifunua unabandua damu iliyoanza kuganda unaanza upya. Kitambaa kikilowa ongeza kingine juu yake usitoe cha chini. Damu ikitulia osha na maji safi yanayotiririka, mengi, uchafu wa juu juu utoke. Mwenzangu mmoja alishaanza kutafuta ugoro kwa mzee aliyekuwa anachunga ng'ombe, nikamwambia kaka asante lakini ugoro abaki nao mwenyewe. Ugoro, majivu, dawa ya meno, kinyesi cha ng'ombe, na ile ya kufungua kidonge cha rangi mbili unamwagia unga, vyote hivyo unaingiza uchafu au unamfanya daktari atumie nusu saa kukusugua.

Utajuaje panahitaji nyuzi? Kingo zimeachana na hazirudiani zenyewe, unaona vitu vya njano njano ndani (hayo ni mafuta ya mwili), damu haikatiki hata baada ya kugandamiza, au kidonda kiko usoni au kwenye kiungo ambacho kila ukikunja kinafunguka. Na kama kidole hakikunji au umepoteza hisia mbele ya kidonda usingoje kabisa, inawezekana mshipa umekatika. Usiseme ngoja kesho. Kidonda kinashonwa vizuri kikiwa bado kibichi, ndani ya masaa 6 mpaka 12 hivi, ukilaza siku nzima wadudu wameshajenga na daktari anaweza akaona bora akiache wazi kijazie kutoka chini. Kidonda cha kung'atwa na mbwa hicho osha na sabuni na maji yanayotiririka dakika 15 kabla ya kufanya chochote kisha kimbia ukapate chanjo ya kichaa cha mbwa, na usigombane nao wakikataa kukishona, kung'atwa mara nyingi huwa hakufungwi siku hiyo hiyo.

Pia sema mapema mara ya mwisho kuchomwa chanjo ya pepopunda ilikuwa lini. Kidonda kichafu kama changu, chenye udongo, ikishapita miaka 5 wanakuongezea nyingine. Sisi wanawake wengi tulichomwa kliniki wakati wa ujauzito, kwa hiyo kadi usiitupe.

Zahanati niliyoenda walinichoma ganzi, hiyo sindano ndo inauma, baada ya hapo unasikia tu mtu anavuta vuta. Muda mwingi ulienda kwenye kuosha na kutoa mchanga, kushona kwenyewe dakika chache. Na mimi kama fundi nikakodoa macho. Hakushona kama tunavyopiga pindo, uzi mmoja unakwenda mpaka mwisho, hapana, kila mshono una fundo lake na unakatwa peke yake. Nikamuuliza kwa nini, akasema ili mmoja ukikatika mingine ibaki, na sehemu moja ikitunga usaha anaweza kufungua hapo tu. Sindano imepinda kama ndoana na anaishika kwa koleo. Nikamwambia dokta mbona hukazi? Akacheka, akasema kingo zinatakiwa zigusane tu, ukikaza damu haipiti na ngozi ya pembeni inakufa. Nikanyamaza maana mwanafunzi wangu kibandani namgombeza kwa kosa hilo hilo, anakaza uzi mpaka kitenge kinakunjamana.

Nyumbani ndo kazi sasa. Siku mbili za kwanza usiloweshe kabisa. Baada ya hapo, kama hawajakuambia vingine, unaweza kuosha kwa maji safi na sabuni ya kawaida, taratibu bila kusugua, unakausha kwa kugusisha kitambaa kisafi, unafunga bandeji mpya. Kuloweka kwenye beseni hapana, na mtoni hapana. Spiriti usimwagie kila siku, inakausha na kuunguza ile nyama changa inayoota. Ukisikia maumivu panadoli inatosha kwa wengi, na ukikaa weka mguu juu ya stuli uvimbe unapungua.

Chakula sasa, maana mama mkwe wa jirani yangu alikuja na orodha: usile mayai, usile maharage, kidonda kitatunga usaha. Sijui nani alianzisha haya. Mwili unajenga nyama kwa vyakula hivyo hivyo, kula maharage, mayai, maziwa, dagaa, parachichi tunayo mpaka tunawapa nguruwe, kula. Kinachochelewesha kidonda ni sigara, sukari ya kisukari isiyodhibitiwa, na kidonda chenyewe kuchezewa chezewa.

Kitu ambacho hakuna aliyeniambia ni maisha ya goti lililoshonwa. Choo chetu ni cha kuchuchumaa! Siku ya kwanza nililia. Baadae nikajifunza, mguu mbovu unaunyoosha mbele, mkono mmoja ukutani, au unatoboa kiti cha plastiki katikati unakiweka juu ya tundu, kiti kibovu chochote kinafaa. Kusalimia wakubwa kwa kupiga goti nako nikaomba radhi, wakwe zangu wa Tukuyu ni watu wa heshima lakini walivyoona bandeji wenyewe wakasema mwanetu simama hivyo hivyo. Na cherehani yangu ni ile nyeusi ya kukanyaga, kila kukanyaga goti linakunja, kwa hiyo wiki mbili nzima nilikanyaga kwa mguu mmoja wa kushoto kama bajaji mbovu.

Dalili za kukurudisha hospitali haraka: wekundu unaotambaa (kwenye ngozi nyeusi haionekani vizuri, we gusa, utasikia pana joto na pamekuwa pagumu pameng'aa), maumivu yanayozidi siku ya tatu au ya nne badala ya kupungua, usaha, harufu, homa, au nyuzi zimeachia na kidonda kimefunguka. Majimaji kidogo ya rangi ya chai hafifu siku mbili za mwanzo sio usaha.

Nyuzi zinatolewa lini, hili ndo swali kubwa kibandani. Usoni siku 3 mpaka 5, kichwani 7 mpaka 10, mikononi kama hivyo, tumboni na mgongoni 10 mpaka 14, kwenye goti na viungo vingine 10 mpaka 14, nyayo na viganja hata wiki tatu. Zangu zilitoka siku ya 13. Zipo pia zinazoyeyuka zenyewe hasa zile za ndani, uliza kabla hujatoka uzijue zako ni zipi. Usitoe mwenyewe kwa wembe. Nesi anainua fundo, anakata uzi pale unapoingia kwenye ngozi, anavuta, ili kile kipande kilichokuwa nje kina uchafu kisipite ndani ya nyama. Ukichelewesha sana nazo zinaacha alama kama reli.

Na nyuzi zikitoka usidhani umepona. Ngozi ya wiki mbili haijafika hata robo ya nguvu yake, kwa juu imefunga lakini ukiivuta inaachia. Mimi nilirudi kutembea tu, kukimbia nikaanza tena kama baada ya mwezi. Kovu linaendelea kubadilika karibu mwaka mzima, likinge na jua, na kama kwenu mna historia ya makovu yanayoinuka na kukua kupita kidonda chenyewe mwambie daktari mapema.

Nitoke nje kidogo kwa ajili ya akina mama waliojifungua kwa upasuaji, maana wifi yangu yalimkuta. Kukandwa na maji ya moto ni desturi yetu najua, na wanaokanda wanafanya kwa upendo, ila mshono wa tumbo mbichi haukandwi. Maji ya moto yanaunguza ngozi ambayo bado ina ganzi ganzi mama hasikii, na kukamua kunaweza kuufungua. Wakukande mgongo na miguu kama unataka, mtori kunywa, mshono uache mkavu, usinyanyue kitu kizito kuliko mtoto wako, na ukikohoa au kucheka shikilia mto tumboni.

Traksuti

Hii niliishona nikiwa nimekaa kitandani mguu umenyooshwa. Kwanza damu: maji ya baridi na sabuni, kamwe sio ya moto, ya moto yanaipika damu ndani ya nyuzi za kitambaa haitoki tena. Hapo Mbeya mwezi wa sita vidole vinakufa ganzi lakini vumilia.

Traksuti ni kitambaa cha kuvutika, na kosa la mafundi wengi wa haraka ni kuipitishia mshono ulionyooka kama suruali ya kitambaa. Inapendeza mezani, mteja akichuchumaa mara moja tu, tra! Kitambaa kimevutika uzi haukuvutika. Mashine yenye zigizaga tumia zigizaga nyembamba. Ukiwa na nyeusi kama yangu, weka uzi wa poliesta, kivute kitambaa kidogo kwa mikono yote miwili mbele na nyuma ya sindano wakati unashona, kikirudi kitakuwa na akiba ya uzi. Sindano namba 11 au 14, na ukipata zile zenye ncha ya mviringo za vitambaa vya kufuma ndo bora, zinapenya kati ya nyuzi bila kuzikata. Kitenge nashonea 14, jinzi 16.

Kwa mkono ni mshono wa kurudi nyuma: unatoka mbele, unarudi nyuma hatua moja, unatokea mbele hatua mbili. Uzi kata urefu wa kutoka vidoleni mpaka kwenye kiwiko tu, ukizidisha utashinda unafungua mafundo. Kabla ya yote piga bandi, hatua ndefu ndefu za sentimita moja na uzi wa rangi tofauti, utautoa mwishoni. Vijana hawapendi kupiga bandi, wanaona wanapoteza muda, halafu kiraka kinakaa upande.

Kiraka nilikata kwenye tisheti ya mtumba, kitambaa chenye kuvutika kama chenyewe, kikazidi tundu sentimita mbili kila upande, na pembe nikaziviringisha maana pembe kali ndo zinaanza kunyanyuka. Nikakiweka kwa ndani. Ukimaliza kivute kila upande, ukisikia uzi unalia rudia sasa hivi, usingoje ulie barabarani.

Na kwa mlio na mashine nyumbani mnaoniletea "imeharibika": uzi ukifanya kiota chini ya kitambaa, shida mara nyingi iko juu, sio kwenye bobini. Nyanyua mguu wa mashine, vua uzi wote wa juu, upitishe upya tangu mwanzo, mguu ukiwa chini zile sahani za kukazia uzi zinabana na uzi haukai kati yake. Inaruka ruka mishono? Badili sindano kabla hujaita fundi, na uangalie ule upande bapa umekaa upande ule mashine yako inaotaka. Kitambaa kinakunjamana? Legeza kiskrubu cha uzi wa juu robo mzunguko, jaribu kwenye kipande cha pembeni, legeza tena kama bado. Sindano yenyewe ibadilishwe baada ya kama masaa 8 ya kushona, najua mnakaa nayo mwaka.

Traksuti iko imara mpaka leo, ukiigeuza ndani utaona kiraka cha kijani cha tisheti ya timu fulani ya Ulaya ambayo siipendi, lakini ndo kilichokuwepo.